Yohana Maria Muzeyi, Msomaji kutoka Minziro

(Mazungumzo na wanakisomo wa Hamugembe, Bukoba)



Leo tutazungumza juu ya mtu mmoja. Kabla hatujaanza, tuulizane swali dogo. Nani kati yetu amepata kusikia jina la Kizito? Mikono ni mingi. Na Karoli Lwanga? Mingi zaidi. Bila shaka wengine hapa mna watoto au wajukuu wenye majina hayo. Haya, na Yohana Maria Muzeyi je?

Mnaona, mikono imepungua. Tena imepungua sana. Lakini katika hao watatu, huyu wa mwisho ndiye jirani yetu. Kizito na Lwanga walizaliwa mbali, huko Buganda. Muzeyi, kwa jinsi vitabu vya habari zao vinavyoandika, alizaliwa Minziro.

Minziro ni hapa hapa mkoani Kagera, katika wilaya ya Misenyi. Ukitoka Bukoba unavuka mto Kagera kwenye daraja la Kyaka, unaelekea upande wa mpaka wa Uganda. Wengi tunaijua Minziro kwa msitu wake mkubwa. Wazee wanaikumbuka nchi ile kwa vita ya mwaka 1978, jeshi la Idi Amin lilipoingia na kufika hadi ukingo wa Kagera. Lakini ni wachache wanaojua kwamba huko alizaliwa mtu ambaye jina lake husomwa makanisani katika nchi nyingi za dunia.

Pengine mtu atauliza: hapa ni darasa la kisomo, na humu tuna Wakatoliki, Walutheri na Waislamu. Kwa nini tuzungumze habari za mtakatifu wa Wakatoliki? Swali hilo ni la haki. Jibu letu ni kwamba Muzeyi alikuwa mwanakisomo kama ninyi. Tutaeleza.

Wamisionari wa kwanza wa Kianglikana walifika kwa Kabaka Mutesa mwaka 1877. Mapadre Wakatoliki walifika mwaka 1879. Hao mapadre walitoka Bagamoyo, wakapita Tabora, wakavuka ziwa letu kwa mtumbwi. Watu wa Buganda walipoanza kwenda kwao kujifunza, hawakuitwa Wakristo kwanza. Waliitwa abasomi, yaani wasomaji. Kusoma dini na kusoma herufi kulikuwa jambo moja. Ukisikia mtu anasema "fulani anasoma", ulielewa mambo mawili: anajua a, e, i, o, u, na ana dini mpya. Hata Waislamu waliotangulia kufika kwa Mutesa waliitwa wasomaji, kwa kuwa nao walikuja na kitabu.

Na lugha ya mafunzo ya mwanzo? Mara nyingi ilikuwa Kiswahili. Wamisionari walikuwa bado hawajakijua Kiganda vizuri, lakini Kiswahili walikuwa wamekipata pwani na njiani. Pale ikulu walikuwapo watu waliokielewa, maana wafanyabiashara wa pwani walikuwa wamefika zamani. Baadaye ndipo herufi zikatumika kuandika Kiganda. Mmisionari Alexander Mackay alikuwa na mtambo wa kupiga chapa, akawa anachapa karatasi za kujifunzia kusoma. Karatasi zile zilipita mkono kwa mkono.

Basi katika watu hao alikuwamo kijana wetu wa Minziro. Alikuwa wa ukoo wa Nyati, yaani Mbogo. Alikuwa mtumishi katika ikulu ya Mutesa, na Mutesa alipofariki mwaka 1884 akaendelea chini ya mwanawe, Kabaka Mwanga. Jina Muzeyi maana yake ni mzee, kama mnavyolisikia wenyewe. Lakini hakuwa mzee wa umri. Alipokufa alikuwa na miaka thelathini na kitu tu. Watu walimwita hivyo kwa sababu ya utulivu wake. Alikuwa hasemi ovyo, na vijana wenzake walikuwa wakimwendea kutaka shauri. Jina la ubatizo alilopewa ni la Kifaransa, Jean-Marie, yaani Yohana Maria. Waganda walilitamka kwa ulimi wao likawa Jamari. Hata leo huko Buganda anaitwa Jamari Muzeyi. Sisi nasi tutumie hilo hilo, ni fupi na ni la kwetu.

Kusoma kwa siku zile hakukuwa kazi ya wiki mbili. Mapadre walikuwa na sheria kwamba anayetaka ubatizo ajifunze miaka minne. Halafu, katika Novemba 1882, mapadre wenyewe wakaondoka Buganda. Hali ilikuwa mbaya, wakaenda kukaa Bukumbi karibu na Mwanza. Walirudi Julai 1885. Hesabuni wenyewe: ni karibu miaka mitatu darasa bila mwalimu.

Tunaomba mtazame jambo hili kwa makini, kwa kuwa ninyi mnajua maana ya darasa kukosa mwalimu. Mnajua jinsi wanafunzi wanavyopungua, kwanza mmoja, halafu watano, mwisho unabaki ubao peke yake. Huko Buganda mambo yalikuwa kinyume. Mapadre waliporudi walikuta wasomaji wameongezeka. Waliojua kidogo waliwafundisha wasiojua kabisa. Kiongozi wao pale ikulu alikuwa Yosefu Mukasa Balikuddembe. Walikutana usiku, baada ya kazi, na wengine walikutana nyumbani kwa watu wazima wenye familia zao. Jamari alipita katika kisomo cha namna hiyo. Alibatizwa mwishoni mwa mwaka 1885, siku ambazo mtu mwenye kupenda maisha yake angekaa mbali na ubatizo.

Kabla hatujafika kwenye kifo chake, tuseme alifanya nini na kusoma kwake, kwa sababu hapo ndipo habari yake inapotugusa sisi wa elimu ya watu wazima.

Wakati ule biashara ya watumwa ilikuwa kubwa kuzunguka ziwa hili. Vita ilipopigwa, mateka walikuja ikulu na sokoni, wengi wao wanawake na watoto. Walibadilishwa kwa bunduki na nguo, wakapelekwa pwani. Fedha ya nchi ilikuwa kauri, zile simbi ambazo bibi zetu walikuwa wakizitunza. Jamari alikuwa akipata malipo kwa utumishi wake. Inaelezwa kwamba alitumia malipo yake kuwakomboa watoto watumwa, kisha akawafundisha. Hakuwa tajiri wala chifu. Alikuwa mtumishi, naye alikuwa na bwana juu yake. Angeweza kununua shamba la migomba, au ng'ombe, au mke wa pili kama wenzake. Wengi wangemwona mjinga.

Tena alikuwa mtu wa kwenda kwa wagonjwa. Msifikiri hilo ni jambo dogo. Tauni ilikuwa ikirudi rudi katika nchi hizi. Waganda waliiita kaumpuli, na kwetu Kiziba iliitwa rubwunga. Mwaka 1897 wataalamu wa Kijerumani walithibitisha kwamba rubwunga ya Kiziba ilikuwa ndiyo tauni yenyewe. Siku za Jamari hapakuwa na sindano wala vidonge vya ugonjwa huo. Mtu akiumwa, watu walikimbia. Kwenda kwa mgonjwa ilikuwa kuhatarisha roho.

Sasa tuje kwenye mauaji.

Mwanga alipata ukabaka akiwa kijana wa miaka kama 18. Alikuwa na hofu. Alisikia kwamba Wajerumani wanachukua nchi za pwani, akaogopa kwamba Wazungu watafika na kwake. Kusema kweli hofu hiyo haikuwa ya bure, maana walifika. Lakini hasira yake aliishusha kwa watu wake mwenyewe. Aliona wasomaji wana mfalme mwingine wanayemtii kuliko yeye. Tena vijana wa ikulu walikataa alipowataka watende mambo ambayo dini yao iliyakataza. Katika Oktoba 1885 Askofu wa Kianglikana, James Hannington, aliuawa Busoga kwa amri yake. Balikuddembe akamwambia Kabaka kwamba amekosa. Tarehe 15 Novemba 1885 Balikuddembe akakatwa kichwa. Mnaona sasa kwa nini tumesema kwamba mwisho wa mwaka 1885 haukuwa wakati wa kutafuta ubatizo.

Mwezi Mei na Juni 1886 mauaji yalikuwa mengi. Tarehe 3 Juni 1886 Karoli Lwanga, Kizito na wenzao, Wakatoliki na Waanglikana, walichomwa moto Namugongo. Hiyo ndiyo siku inayokumbukwa. Na ndugu zetu Waislamu wajue kwamba mahali pale pale, miaka 10 kabla, mwaka 1876, Mutesa aliwaua wasomaji wa Kiislamu, kwa kuwa walikataa kula nyama iliyochinjwa na mtu asiyetahiriwa. Habari yao husimuliwa kidogo mno. Nadhani nao wanastahili mazungumzo yao siku nyingine.

Jamari hakukamatwa mwezi ule wa Juni. Alijificha, kama wengine kadhaa. Miezi ikapita, moto wa Namugongo ukapoa, na watu wakaanza kudhani hasira ya Kabaka imekwisha. Inasimuliwa kwamba Kabaka alitaka waliojificha wajitokeze, na maneno yake yalikuwa matamu. Wenzake Jamari waliona huo ni mtego. Walimwambia asiende. Yeye akaenda.

Kwa nini alikwenda? Tumelifikiria sana jambo hili. Wapo wanaosema alikuwa amechoka kujificha. Wapo wanaosema alikuwa mtumishi, na mtumishi akiitwa na mfalme huenda. Sisi tunaona mtu ambaye watu walimwita mzee tangu ujana wake hakuwa mtu wa kudanganyika kwa urahisi. Huenda alijua vizuri anakokwenda.

Alipelekwa kwa katikiro. Neno hili mnalijua, hata Abakama wa Buhaya walikuwa na makatikiro wao, yaani mawaziri wakuu. Tarehe 27 Januari 1887, huko Mengo, Jamari Muzeyi alikatwa kichwa, na mwili wake ukatupwa katika kinamasi. Hapakuwa na umati kama ule wa Namugongo, hapakuwa na ngoma wala kuimba. Aliuawa kimya kimya. Alikuwa wa mwisho katika wale Wakatoliki 22.

Hii ndiyo sababu mojawapo ya kutojulikana kwake. Kule Namugongo walikuwapo vijana watatu waliosamehewa dakika za mwisho. Mmoja wao, Denis Kamyuka, aliishi miaka mingi, akasimulia aliyoyaona, na maneno yake yakaandikwa. Ndiyo maana leo tunajua nani alisema nini njiani, na nani alicheka mbele ya moto. Kwa Jamari hatuna Kamyuka. Na kwa kuwa mwili ulitupwa kinamasini, hapana kaburi la kwenda kupiga magoti.

Sababu nyingine ni mpaka. Jamari alipozaliwa, Minziro ilikuwa katika jimbo la Buddu, chini ya Kabaka. Hapakuwa na Uganda wala Tanganyika. Alipokwisha kufa miaka mitatu hivi, tarehe 1 Julai 1890, Wajerumani na Waingereza walikaa kule Berlin wakagawana nchi. Upande huu wa magharibi ya ziwa walisema mpaka ufuate mstari wa nyuzi 1 kusini ya ikweta. Mstari huo hauonekani ardhini, uko katika ramani tu. Wangeweza kufuata mto Kagera, ambao hata mtoto anauona. Hawakufanya hivyo. Basi Minziro ikaangukia kwa Wajerumani, na Buddu iliyobaki ikaangukia kwa Waingereza. Ni ardhi hiyo hiyo ya kaskazini ya Kagera ambayo Idi Amin alitangaza mwaka 1978 kuwa ni yake. Hata leo ukifika Minziro utasikia Kiganda kinasemwa.

Kwa hiyo Jamari akaandikwa katika orodha ya Mashahidi wa Uganda, na ni sawa, kwa maana alifia huko na wenzake wa huko. Hatupendi mtu atoke hapa akaanze kugombana na Waganda kwamba mtakatifu ni wetu. Lakini si vizuri vile vile sisi tusimjue kabisa, wakati kijiji chake kiko upande wetu wa mpaka.

Tena damu ya wale watu ilifika hadi kwetu kwa njia nyingine. Januari 1892 Wakatoliki na Waprotestanti walipigana vita Mengo. Wakatoliki walishindwa, wakakimbilia Buddu, jimbo la kina Jamari. Askofu Hirth akaja upande wa Bukoba, na mwaka huo huo 1892 misheni ya Kashozi ikaanzishwa. Wakristo waliokuja naye walikuwa watu waliowajua mashahidi kwa sura. Ilikuwa miaka mitano tu tangu Jamari auawe. Na kwa upande wa Walutheri, wapo Wahaya waliopata kitabu kutoka kwa wasomaji wa Buganda kabla wamisionari wa Betheli hawajafika mwaka 1910. Huko nako kisomo kilitangulia mwalimu.

Sasa tuseme kidogo jinsi mtu anavyotangazwa mtakatifu. Kwanza habari zake hukusanywa na kuchunguzwa. Mashahidi huulizwa, maandishi husomwa. Hatua ya kwanza ni kuitwa mwenye heri. Mashahidi 22 walipewa jina hilo na Papa Benedikto wa 15 tarehe 6 Juni 1920. Tarehe 18 Oktoba 1964 Papa Paulo wa 6 aliwatangaza watakatifu huko Roma, wakati Mtaguso wa Pili wa Vatikano ukiendelea. Katika mahubiri yake aliwataja pia Waanglikana waliouawa. Askofu wa Bukoba wakati huo alikuwa Laurean Kardinali Rugambwa, mtoto wa nchi hii, Mwafrika wa kwanza kuwa kardinali. Wakatoliki hawamwabudu mtakatifu. Wanamwomba awaombee kwa Mungu, kama unavyomwomba jirani akusemee mahali ambapo yeye anajulikana kuliko wewe. Walutheri na Waislamu wanaona vingine, na sisi hatukuja hapa kuamua.

Kila tarehe 3 Juni watu wengi sana hukusanyika Namugongo. Huko Uganda ni sikukuu ya taifa. Watanzania nao huenda, na wapo wanaokwenda kwa miguu siku nyingi. Kanisa kubwa la Namugongo lina nguzo 22 za shaba, nguzo moja kwa kila shahidi Mkatoliki. Basi nguzo moja ni ya mtu wa Minziro. Ukienda, uliza.

Tumebakiwa na jambo moja la kazi. Habari za Jamari alipokuwa mtoto ni haba mno katika vitabu. Huko Minziro na Kiziba wapo wazee ambao babu zao waliishi siku zile. Wana masimulizi ya ukoo wa Mbogo, majina ya vilima, majina ya watu waliokwenda ikulu wakarudi, na ya wale ambao hawakurudi. Vitabu vingi viliandikwa na wageni, na wageni hawakuuliza kila kitu. Ninyi mnajua kusoma na kuandika, na lugha ya wazee mnaielewa.

Kwa hiyo, kila mwenye ndugu upande huo, akienda kwenye msiba au arusi, achukue daftari. Andika jina la mzee, kijiji chake, na tarehe uliyozungumza naye. Andika maneno yake kama alivyoyasema, hata kama ni ya Kihaya au Kiganda. Usiongeze la kwako. Mzee akisema hajui, andika hajui. Wawili wakisema tofauti, andika yote mawili. Mwandiko ukiwa mbaya si kitu, ilimradi usomeke. Daftari hizo mtuletee hapa Hamugembe siku ya kisomo, tuzisome pamoja.